Kila Kinachovuka Hutolewa

Mkuu wake hakumwambia akae.

"Waweru hajakiri," Mzungu alisema, akiangalia uwanja wa kituo kupitia dirishani. "Atakiri. Sasa wewe unataka nini tena Ruiru?"

"Ubao, bwana," Jeconia Ajwang akajibu.

"Ubao una nini?"

"Una hesabu."

"Una maandishi ya kiapo cha waasi. Namba na misalaba. Karani wa shamba ndiye aliyetufungua macho, Mwafrika mwenzako, mtu aliyesoma. Au wewe umemzidi kusoma?"

Jeconia hakujibu. Alikuwa Inspekta Msaidizi wa upelelezi pale Thika, mtu wa Nyanza, na mwaka ule wa 1955 alikuwa amejifunza kwamba kunyamaza kunamwacha mkubwa aendelee kusema. Mkuu akaendelea.

"Nyundo ni ya Waweru, seremala wa shamba. Damu iko kwenye nyundo. Siku moja kabla ya hapo alisimama uwanja wa shule akamwambia marehemu mwalimu, mbele ya watu, kwamba ataona. Ni Mkikuyu, hana cheti cha utiifu. Mimi nikipewa kesi kama hiyo nashukuru Mungu."

"Waweru hajui kusoma, bwana. Kwenye maelezo yake ametia dole gumba."

"Kuua mtu hakuhitaji kusoma." Mkuu akageuka kutoka dirishani. "Nimeagiza ubao ufutwe ili shule ifunguliwe. Ukiukuta bado haujafutwa, bahati yako. Jumatatu nampeleka kortini."

Jeconia akatoka mbio. Konstebo Sele, dereva wake, alikuwa amekwisha kuwasha Land Rover.

*

Shule ilikuwa ndani ya shamba la kahawa kule Ruiru, upande wa Gatong'ora, ikisimama peke yake baada ya mibuni kuisha. Ilikuwa na madarasa manane ya mabati na ukuta wa mawe. Askari wa zamu pale mlangoni alipiga saluti, lakini uso wake ulikuwa wa mtu aliyeshindwa kazi.

"Mama ameingia, afande. Nilimkataza."

Ndani ya darasa la nane mwanamke alikuwa amesimama juu ya kiti mbele ya ubao, kitambaa cha maji mkononi. Kanga nyeusi ilikuwa imemfunika kichwa. Alikuwa Nekoye, mjane wa Mwalimu Erastus, naye mwenyewe mwalimu wa darasa la pili.

"Mwalimu, usifute," Jeconia akasema.

"Nimeambiwa nifute. Mkubwa wako ndiye amesema."

"Nakuomba ushuke."

"Mume wangu aliangukia pale." Hakuonyesha kwa mkono. Sakafu ilikuwa imeoshwa, lakini weusi ulibaki kwenye saruji. "Mliyemkamata anakula uji wa serikali Thika. Nyinyi mnamlisha. Na wewe badala ya kwenda kumfunga kamba unakuja kuangalia ubao."

"Ukiufuta, labda utakuwa umemfutia aliyemuua."

"Aliyemuua ni Waweru. Binti yake alifukuzwa shule kwa sababu baba hana cheti. Erastus hakupenda kumfukuza, aliamriwa. Waweru akaja hapa kupiga kelele kama mlevi. Nilisikia kwa masikio yangu, na nimeandikisha."

"Nimesoma ulichoandikisha. Sasa soma hiki na wewe, kisha ufute ukitaka."

Nekoye alikuwa hajautazama ubao. Tangu aingie alikuwa akitazama kitambaa. Akashuka kwenye kiti polepole, akarudi nyuma mpaka kwenye dawati la kwanza, akainua macho.

4x − 9 = 2x + 5

4x − 2x = 5 − 9

2x = −4

Chini ya ile tisa ya mstari wa pili palikuwa na alama ya chaki nyekundu, imekandamizwa kwa nguvu. Baada ya mstari wa tatu hapakuwa na kitu.

"Mkubwa wangu anasema hii ni kiapo," Jeconia akasema.

"Mkubwa wako ni mjinga. Hii ni hesabu ya eksi. Kuna namba iliyofichwa, unaitafuta."

"Nani ameandika?"

"Mstari wa kwanza ni wa Erastus. Nne yake ina mguu mrefu. Na chaki nyekundu ni yake, hakuna mwingine alikuwa anaruhusiwa kuishika." Akanyamaza, akasogea karibu. "Hii mingine si yake."

"Ni ya mwanafunzi?"

"Hapana."

"Unajuaje?"

Nekoye alimtazama kwa chuki ya mtu anayelazimishwa kufanya kazi siku ya msiba. Lakini alikuwa mwalimu, na swali lilikuwa limeulizwa.

"Kwanza, iko juu. Mimi nimehitaji kiti. Pili, watoto wake hawafanyi hivi. Erastus alifundisha kwa mizani. Alileta mizani ya duka hapa mbele, akaweka mawe pande zote mbili. Alama ya usawa ni ule mti wa katikati. Ukiongeza tisa huku, ongeza tisa na kule. Ukitoa huku, toa na kule. Mtoto wake angeandika hapa chini, jumlisha tisa, jumlisha tisa, pande zote. Hakuna kitu kinachovuka. Hata hilo neno kuvuka alilikataza."

"Mimi nilifundishwa kuvusha," Jeconia akasema. "Kule kwetu misheni. Namba ikivuka ile alama inageuka. Ya kujumlisha inakuwa ya kutoa, ya kutoa inakuwa ya kujumlisha."

"Wengi walifundishwa hivyo. Wanakariri bila kujua kwa nini."

"Sasa angalia huyu. Mbili-eksi ilikuwa ya kujumlisha, ikavuka, ikawa ya kutoa. Sawa. Tisa ilikuwa ya kutoa. Ilipovuka ilitakiwa iwe ya kujumlisha."

"Imebaki ya kutoa. Ndiyo maana Erastus alitia nyekundu." Nekoye alisema polepole. "Tano ujumlishe tisa ni kumi na nne. Jibu ni saba. Huyu anadhani kila kinachovuka hutolewa. Ameshika nusu ya somo."

Sele, aliyekuwa mlangoni, akakohoa. Hakuna aliyemtazama.

"Ubao ulikuwa unafutwa lini?" Jeconia akauliza.

"Kengele ya jioni. Watoto wa zamu wanaufuta kwa maji, wanaondoka. Kila siku."

"Basi hii iliandikwa baada ya watoto kuondoka. Mumeo alikuwa hai, ndiyo maana aliweza kutia nyekundu. Na alikuwa na mtu mrefu anayejua kushika chaki."

"Kisha huyo mtu akaondoka, Waweru akaingia."

"Inawezekana."

"Wewe unatafuta njia ya kumtoa Waweru."

"Namtafuta aliyesimama hapa. Kama hana hatia, kwa nini hajaja kutuambia kwamba alikuwa na mwalimu jioni ile? Mumeo alikuwa akifundisha mtu mzima?"

Nekoye alikunja kile kitambaa, akakikunjua, akakikunja tena.

"Kulikuwa na mtu," akasema. "Sikuambiwa jina. Erastus alisema ni mtu mwenye cheo, ana aibu, na amemwahidi kumtunzia siri. Nilidhani ni mzee mmoja wa kanisa."

"Nani alisema kwanza kwamba haya ni maandishi ya kiapo?"

"Karani Jared. Asubuhi ile alifika wakati watoto bado wanalia. Akawatoa wote nje, akakaa mlangoni mpaka polisi walipokuja. Alinisaidia sana." Akasita. "Kwa nini?"

"Sele," Jeconia akasema, "nenda ofisi ya shamba. Mwambie karani mkuu namuomba kwa dakika chache, nina neno la Kizungu limenishinda."

*

Jared Aketch alikuja kwa miguu yake, mbele ya Sele, kama mwenye shamba. Alikuwa mrefu, tai shingoni, kalamu mbili mfukoni. Kwenye ofisi yake wafanyakazi walivua kofia kabla ya kuingia, na hata pale mlangoni mwa darasa alingoja kidogo, kana kwamba kuna mtu ambaye angevua kofia. Akampa Jeconia mkono.

"Omera," akasema, lile neno la ndugu la kwao Nyanza, "bado wanakusumbua na kesi iliyokwisha?"

"Bado, karani."

Jared akamwona Nekoye ameketi kwenye dawati la nyuma. Akainamisha kichwa. "Pole tena, mwalimu. Si mahali pa wewe kukaa."

"Nimekaa," Nekoye akasema.

Jeconia akaegemea meza. "Karani, nitakuuliza maneno mawili matatu. Kabla ya asubuhi ile, uliwahi kuingia darasa hili?"

"Mimi? Nije kufanya nini? Kazi yangu iko ofisini."

"Hata jioni moja?"

"Hata moja."

"Ulisoma mpaka wapi?"

"Kidato cha pili. Bwana Meneja anajua, wewe pia unajua. Nilikwambia Krismasi."

"Uliniambia. Na ulimwambia mkubwa wangu kwamba haya ni maandishi ya kiapo."

"Namba ni watu, msalaba ni mahali pa kukutana. Kila mtu anajua."

"Huo si msalaba. Ni eksi. Hii ni hesabu ya darasa la saba, karani. Mtu aliyefika kidato cha pili ameifanya mpaka akaichoka. Inakuwaje wewe uione kiapo?"

Jared hakubadilika uso. "Mtu amelala pale, kichwa kimepasuka. Ungekuwa wewe ungeangalia hesabu?"

"Haki yako. Leo hakuna mtu amelala." Jeconia akachukua chaki, akaenda upande wa ubao uliokuwa mtupu, akaandika:

5x − 3 = 2x + 12

"Nifanyie hii. Nitamwandikia mkubwa kwamba karani wa kidato cha pili ameitazama upya na kuona ni hesabu tu. Neno lako atalisikia, langu hasikii."

"Mimi si mtoto wa shule."

"Ndiyo maana nakuomba wewe."

"Nina kazi. Kahawa inapakiwa."

"Basi niandike kwamba ulishindwa? Nakala inakwenda kwa Meneja."

Kutoka nje ilisikika sauti ya askari akimfukuza mbuzi. Jared alivua kofia, akaitafutia mahali, akaiweka juu ya dawati. Akaichukua chaki kutoka mkononi mwa Jeconia kwa kuivuta.

"Nyinyi watu wa polisi mnapenda kuchezea watu," akasema, kisha akaandika, haraka, juu kabisa ya ubao, kama mtu anayetia sahihi:

5x − 2x = 12 − 3

3x = 9

x = 3

"Tatu," akasema. Akapangusa vidole. Kwa mara ya kwanza alitabasamu. "Haina hata baki. Umeridhika, Inspekta?"

Jeconia alikuwa ameitunga ile hesabu ndani ya gari njiani kuja, akitafuta namba ambazo kosa lile lingezipa jibu safi, ili mwenye kosa atembee mpaka mwisho bila kujikwaa.

Sauti ikatoka nyuma.

"Rudisha tatu mahali pake," Nekoye akasema. Ilikuwa sauti ya darasani, ya kila siku. "Tano mara tatu?"

Jared akamgeukia. "Mwalimu, haya si…"

"Tano mara tatu ni kumi na tano. Toa tatu. Kumi na mbili. Huo ni upande mmoja. Sasa upande wa pili: mbili mara tatu ni sita, jumlisha kumi na mbili. Ngapi?"

Jared akapangusa vidole tena.

"Kumi na nane. Kumi na mbili huku, kumi na nane kule. Si sawa. Jibu ni tano, karani. Tatu yako ilikuwa ya kutolewa, ilipovuka ulitakiwa uijumlishe. Hukuijumlisha." Alikuwa amesimama. "Ni kosa lile lile. Ni mkono ule ule. Hata hiyo eksi yako umeiandika kama vijiti viwili vilivyoangukiana, kama pale."

Jared alitazama upande wa kushoto wa ubao, akatazama upande wa kulia. Mistari ya pande zote mbili ilikuwa imesimama kwa urefu mmoja.

"Watu wengi wanakosea hivyo," akasema.

"Labda," Jeconia akajibu. "Lakini aliyekosea hapa alikosea baada ya kengele ya jioni, mbele ya mwalimu. Umeniambia sasa hivi kwamba hujaingia humu. Nimekupa nafasi mara mbili."

"Omera, sikiliza." Jared alishusha sauti, akaanza kusema kwa Kijaluo. Jeconia akamkata.

"Sema Kiswahili. Mjane asikie."

"Wewe ni mtu wa nyumbani."

"Kiswahili."

Jared alikaa kwenye dawati la watoto. Magoti yake hayakutosha chini ya meza, ikabidi ayatoe pembeni. Alipoanza kusema alikuwa na hasira, si huzuni, na hasira yake yote ilimwelekea marehemu.

"Meneja aliniandikisha mtihani wa serikali. Hakuniuliza. Aliona ananisaidia. Nilianza kuja hapa jioni, nikasimama hapa kama mtoto. Erastus hakuwa na haraka. Mizani, mawe, mizani, mawe. Mimi nataka jibu, yeye anataka nielewe. Kisha Meneja akamwomba aandike kwamba niko tayari. Akakataa. Akaniambia, 'Jared, wewe hujaona hata mlango wa sekondari. Nenda ukamwambie Meneja mwenyewe, usiponiambia umekwenda nitakwenda mimi.' Akatia ile nyekundu. Akanigeuzia mgongo, akaanza kukusanya vitabu." Alipumua kwa pua. "Watu mia tatu hunivulia kofia hapa. Yeye alinigeuzia mgongo. Nyundo ya seremala Waweru, aliyoiacha alipotengeneza madawati, ilikuwa hapo mbele yangu."

"Na ubao?"

"Nilisikia mtu akimwita ale. Nikatoka kwa dirisha. Usiku kutembea ni marufuku. Asubuhi nilikuja mapema kufuta, watoto walikuwa wamenitangulia, wameshauona."

"Ni mimi nilikuwa namwita," Nekoye akasema. "Hakuitika, nikadhani marufuku ya usiku imemkuta kwa watu wa kanisa."

Alitembea kutoka nyuma ya darasa. Sele akasogea, lakini Jeconia akamwashiria amwache. Mwanamke alisimama mbele ya Jared, akiwa bado na kile kitambaa.

"Jana ulikuja kwangu. Ulikaa kwenye kiti chake, ukaimba na watu wa kanisa. Nilipowaambia polisi ni Waweru, ulikuwa kando yangu, ukanishika bega."

Jared hakuinua uso. "Ulishasema mwenyewe. Mimi sikuongeza kitu."

Nekoye alimpiga usoni kwa kitambaa cha maji. Mlio wake ulikuwa mdogo. Kisha akatoka nje, na Jeconia akatoa pingu.

*

Mkuu alisikiliza akiwa amesimama. Jeconia alipomaliza, aliuliza kitu kimoja tu.

"Karani amekiri mbele ya nani?"

"Mimi, Konstebo Sele na mjane. Mwandiko uko ubaoni. Nimeacha askari wawili wanaulinda mpaka mpiga picha afike."

"Karani bora katika mashamba yote haya. Unajua Meneja atanipigia simu leo?" Alikaa chini, akasukuma kikombe cha chai. "Haya. Mshtaki. Lakini Waweru hatoki. Hana cheti. Lori la kambi za kizuizini linapita jioni, atapanda."

"Kwa kosa gani, bwana?"

"Kwa kuwa Waweru. Hati nitaiandika nikirudi kutoka chakulani."

Jeconia akapiga saluti. Alipotoka alikwenda moja kwa moja mpaka dawati la mahabusu. Waweru alikuwa ameshikwa kwa shtaka la mauaji, hapakuwa na jingine. Afisa wa kesi akiondoa shtaka, mahabusu hutoka, na afisa wa kesi alikuwa yeye. Akatia sahihi. Koplo wa zamu aliangalia ile sahihi muda mrefu.

"Afande, Mzungu hajasema."

"Hajaandika. Fungua."

"Jumatatu watakuhamishia Turkana, jangwani."

"Fungua, koplo."

Waweru alitoka akishika ukuta. Jicho moja lilikuwa limefunga, na vidole vya mkono wa kulia vilikuwa vimevimba. Jeconia akampa pasibuku yake, kile kitabu cha ruhusa ya kutembea. Akaipokea kwa mkono wa kushoto.

"Shtaka limeondolewa," Jeconia akasema. "Ni karani. Amekiri. Lazima tuondoke sasa hivi. Nitakupeleka kwa kasisi Mzungu pale misheni ya shamba, aandike barua ya kukudhamini kabla ya hati kutoka."

Waweru alimtazama kwa lile jicho moja. "Mimi sina asante ya kukupa."

"Sikuidai."

Pale barazani Nekoye alikuwa ameketi kwenye benchi. Alikuwa amekuja na lori la kahawa, akangoja. Alipomwona Waweru alisimama. Walitazamana, na Sele akaangalia pembeni.

"Nilisema ni wewe," Nekoye akasema. "Nimekuja kuandikisha kwamba si wewe. Na kwa kasisi nitakwenda mimi pia. Nitasema nakujua."

"Mimi nilisema si mimi," Waweru akajibu. "Tangu ile siku ya kwanza, hata wakati wananipiga. Hakuna mtu aliandika."

Nekoye aliingia ndani, akamwambia koplo kwa sauti ambayo ilisikika mpaka nje kwamba anataka kutoa maelezo, na kwamba yaandikwe yote. Walimngoja. Aliporudi, Sele alikuwa amefungua mlango wa nyuma wa Land Rover, ule wa turubai, ambako mahabusu hutupwa.

Waweru hakusogea.

"Huko nilikuja nimefungwa," akasema. "Kurudi nitakaa mbele."

Jeconia alitazama dirisha la mkuu. Pazia lilikuwa wazi, na kiti kilikuwa bado kitupu. Akaufungua mlango wa mbele, akaushikilia mpaka Waweru alipopanda, kisha yeye na mjane wakaenda kukaa nyuma.